Kiapo cha Siku ya Thelathini na Tisa

1

Walimvusha Hamduni daraja saa nne ya asubuhi, siku ya Jumatano, amekalishwa kwenye kiti cha magurudumu, miguu imefunikwa blanketi la kijivu. Dada yake, Bi Tunu binti Shekue, alikuwa amesimama nyuma ya mstari wa njano tangu saa mbili. Alikuwa ameiomba miguu yake isitetemeke mbele za watu, na kweli haikutetemeka. Haikufanya lolote. Ilikuwa kama miguu ya mtu mwingine, yeye kaachiwa tu aishike.

Kiti kilipokaribia aliona jambo alilokwisha kuambiwa mara nyingi lakini kichwa chake kilikuwa kimekataa kulipokea. Hamduni aliondoka na miaka thelathini na mmoja, na alikuwa amerudi na miaka thelathini na mmoja. Ndevu zilezile chache za kidevuni. Kovu lilelile la nyusi, alilolipata akiruka ukuta wa madrasa. Bi Tunu alimuaga akiwa na miaka arobaini na mmoja; sasa alikuwa na hamsini na miwili, magego mawili hana, na asiyewajua angesema huyu mama na yule mwanawe.

"Dada," Hamduni alisema, sauti imekwaruza. "Umezifanya nini nywele zako?"

"Zimeota mvi."

"Tangu juzi?"

Bi Tunu akamtengenezea blanketi magotini. "Tangu juzi, baba."

Nyuma yao bendi ilipiga wimbo wa taifa wa Leruma, ambao haukuwa umepigwa kwenye ardhi ya Tungwa kwa miaka kumi na mmoja. Wapigaji waliusahau katikati, wakaurudia. Balozi mpya wa Leruma akapeana mkono na Waziri, na malori ya dawa yaliyopangwa upande wa pili wa mto Rungezi yakawasha taa zote mchana kweupe. Watu walipiga makofi. Ugomvi wa nchi mbili hizi ulianza kwa jina la Hamduni Shekue, mwandishi wa habari aliyekamatwa Leruma na kuhukumiwa kama jasusi. Balozi zikafungwa, na Leruma, walio juu ya mto, wakafunga milango ya maji. Kwa hiyo ilionekana vizuri amani nayo ianze kwa jina lilelile.

Leruma walikwisha kuacha siku nyingi kujenga magereza yenye vyumba na kufuli. Wao wanalaza. Mfungwa anachomwa sindano tatu, anawekwa kwenye kitanda kinachompoza damu na kumlisha kwa mrija, na hapo analala kifungo chake chote. Hatoroki, hagomi, wala hazeeki. Dunia ilipolalamika kwamba huko ni kuzika watu wakiwa hai, waliongeza chombo kando ya kila kitanda. Chombo kinasoma ndoto za aliyelala, kinazigeuza maneno, na kila baada ya miezi sita kinaipelekea familia barua ya sauti, kwa sauti ya mwenyewe. Dunia ikanyamaza.

Bi Tunu alikuwa na barua hizo mbili kwa mwaka kutoka kwa Hamduni. Alikuwa nazo pia ishirini na sita kutoka kwa mumewe, Mwinshehe, mpima maji wa serikali, ambaye Leruma walimlaza miaka miwili kabla ya Hamduni kwa kosa la kuchomeka kijiti cha kipimo upande wa mto usiokuwa wake.

Bwana Lukindo wa Kamisheni ya nchi mbili alimpeleka kwenye meza ndogo chini ya turubai. Alikuwa mtu mpole, shati limepigwa pasi vizuri.

"Mama, wewe ndiye mpokeaji. Siku arobaini yumo mikononi mwako. Kikuku hiki," akainua mkono wa kulia wa Hamduni, "kinasikia sauti yake peke yake, na kinahisi mishipa ya mkono akishika kalamu. Kuna maneno mia tatu kuhusu nyumba ile hatakiwi kuyasema wala kuyaandika. Akiyasema, kinalia hapa na kule kwa wakati mmoja."

"Kikilia?"

"Makubaliano yanakufa. Siku ya thelathini na tisa familia zote sitini na moja zenye watu kule zinakuja kuapa, kama mlivyozoea. Kila mmoja asikilize barua ya mtu wake, aape kwamba ni yeye na yu hai. Kesho yake wanavuka watu kumi na tisa wa kwanza. Familia moja ikikataa kuapa, havuki hata mmoja." Akashusha sauti kama anayetoa habari njema. "Na sisi wenyewe tutaletewa vitanda arobaini. Magereza yetu yamejaa mno, Mama."

Bi Tunu akasaini karatasi nne. Muuguzi wa Leruma alimwambia asimpe ndugu yake nyama siku saba, na asimweleze habari zote kwa siku moja.

2

Mama yao alikuwa amefariki mwaka wa nne wa usingizi ule. Bi Tunu alimweleza siku ya pili baada ya sala ya adhuhuri. Hamduni akauliza kama nguo za Mama zimegawiwa. Zimegawiwa, akaambiwa. Akaomba maji.

Walikuwa hivyo wote wawili. Yeye Bi Tunu alitaraji kwamba ndugu yake akirudi, yeye mwenyewe atalia mpaka majirani waje kumshika, lakini siku ziliingia na kutoka akawa anachemsha uji, anautilia ndimu, anauosha mchi. Adhana ikiita anaswali. Akimaliza anachukua sindano. Alikuwa mshona kofia za mkono, zile za kutoboa tundu moja moja na kuizungushia uzi, na kila mwaka alimshonea Mwinshehe moja ya Idi akaiweka kabatini. Zilikuwa zimefika kumi na mbili. Ya kumi na tatu ilikuwa nusu.

Siku ya nne alipika mchuzi wa samaki wa nazi. Alimtilia Hamduni mnofu, akajitilia mkia, na kichwa cha samaki kikabaki chunguni, kwa mazoea tu, maana katika nyumba ile kichwa kilikuwa na mwenyewe.

Hamduni alikuwa na njaa ya miaka kumi na mmoja. Alikula, akafuta sahani kwa kidole, akachungulia chunguni, akacheka kwa mara ya kwanza tangu avuke.

"Mchuzi huu marehemu shemeji angekuibia na mwiko wake," alisema.

Mkono wake ukasimama hewani.

Kikuku hakikulia. Waliotengeneza orodha ya maneno mia tatu walikuwa wameweka kitanda, pumzi, maiti, sindano, lakini neno marehemu waliliacha, kwa sababu mtu aliyefiwa na mama yake atalitaja mara ishirini kwa siku. Wote wawili walikitazama kitaa chake kidogo cha kijani. Kilikaa kijani.

Na Hamduni hakuwa mtu wa kukosea hapo. Kwao mtoto anafundishwa tangu hajaota meno kwamba aliye hai hatiliwi neno lile hata kwa mzaha, ni kumtakia. Na aliyekwisha kufa kulipita jina lake bila ya kulisema ni kumdhulumu rehema. Ulimi wake ulilipa deni la heshima kabla ya akili kuuzuia.

Bi Tunu alikifunika chungu.

"Hamduni. Mimi nitauliza. Wewe usifungue kinywa. Uliona kwa macho yako?"

Akainamisha kichwa. Ndiyo.

"Siku ileile uliyokamatwa?"

Ndiyo.

"Walimzika?"

Hamduni akainua mabega, akayashusha. Macho yake yalikuwa yamejaa, lakini ya Bi Tunu yalikuwa makavu kama majivu. Alikuwa akipiga hesabu. Alikwisha kusikia kwenye darsa la akina mama kwamba eda ya mjane inahesabiwa tangu siku mume alipokata roho, siyo siku habari ilipofika. Miezi minne na siku kumi. Basi yake ilikwisha kuingia na kutoka miaka kumi na mmoja nyuma, yeye akiwa anashona, anachagua rangi ya uzi, anakwenda harusini na kupaka hina. Alikuwa amemaliza kitu ambacho hakupewa kukianza.

"Sasa barua zangu," alisema. "Miaka yote hii nani anazungumza na mimi?"

Hamduni alitazama huku na huku. Kisha akanyoosha kidole kwenye redio iliyokuwa juu ya kabati, imezimwa, imefunikwa kitambaa.

"Chombo?"

Ndiyo.

"Chombo peke yake? Kitanda kitupu?"

Akainamisha kichwa, na safari hii hakukiinua.

3

Kesho yake Mama Hiza, jirani wa ukuta, aliingia bila hodi kama kawaida yake, khanga begani, simu mkononi.

"Salama humu? Huyu ndiye Hamduni au ni mtoto wake? Shoga yangu, mimi ningekuwa na ndugu wa namna hii ningeomba na mimi nikalazwe miaka mitano tu, nirudishiwe kiuno changu."

"Karibu, Mama Hiza," alisema Bi Tunu.

"Sikai. Nina chapati jikoni." Akakaa. Akainua simu. Kulikuwa na picha ya kijana mpana wa uso, masikio yamesimama. "Najua huruhusiwi kusema, mwanangu. Usiseme. Tazama tu. Huyu ni Hiza wangu. Ana miaka minne kule, kwa gunia la mbegu za nyanya tu, yarabi. Tazama tu, basi, nijue macho yako yamemwona."

Hamduni aliitazama picha. Bi Tunu aliona koo la ndugu yake likipanda na kushuka. Mama Hiza naye akaona, akapangusa kioo cha simu kwa khanga, akaondoka bila ya kuaga vizuri. Walisikia akimgombeza paka uani.

Bi Tunu akafunga mlango. Alikuwa na maharage kwenye ungo anayachambua. Akauweka ungo baina yao mkekani.

"Hesabu," alisema. "Walio kule."

Hamduni akanyoosha mkono wa kushoto. Akasita. Kikuku kilikuwa kulia, na pengine hao waliokifunga walijua kwamba mtu wa Tungwa hafanyi jambo la maana kwa kushoto, na kwenye chakula ndiyo kabisa hauingizi.

"Ingiza," alisema Bi Tunu. "Mungu anaona kwa nini."

Akayahesabu moja moja kwa kushoto, akayapanga. Sitini na moja. Kisha akafumba macho, kama mtu anayetembezwa tena kwenye ujia mrefu akiwa kitini, akizunguka huku na huku kuhesabu mashuka yanayopanda na kushuka, kwa sababu uandishi ulikuwa umemwingia mifupani na hata nusu usingizini alikuwa anahesabu. Akafumbua. Akasogeza punje kumi na tisa upande wa Bi Tunu.

Zilizobaki akazifunika kwa ncha ya khanga.

Bi Tunu alizihesabu mwenyewe zile kumi na tisa. Akachukua moja, akaiweka kiganjani.

"Hiza?"

Hamduni akaweka kiganja ubavuni pake mwenyewe. Kitanda cha jirani. Akavuta pumzi ndefu, akaitoa, ili aone.

"Na hawa kumi na tisa ndio wanaovuka siku ya arobaini?"

Ndiyo.

"Baada yao hakuna tena mtu kule?"

Akatikisa kichwa. Halafu uso wake ukabadilika. Kwake yeye ilikuwa jana kwamba aliingia ile nyumba kwa shati la dobi, akasimama mbele ya kitanda namba themanini na nane, godoro limekunjwa, na kando yake chombo kikisema kwa sauti ya shemeji yake kwamba leo ameota mvua. Ilikuwa jana kwamba alikimbia na habari hiyo mpaka getini. Akavuta hewa kifuani, akafungua kinywa.

Bi Tunu akakiziba kwa kiganja, maharage na vumbi lake.

"Siku thelathini na tano, baba," alisema. "Hiza anapumua. Umesema mwenyewe. Usimmalize kwa mdomo wako."

Alimshikilia hivyo mpaka mabega yalipolegea. Uani, Mama Hiza alikuwa akiimba na kukosea maneno.

Kuanzia hapo Bi Tunu alibaki na jambo moja, akawa analigeuza kila baada ya sala. Hamduni alitakiwa kunyamaza tu. Yeye alitakiwa kuapa. Mara ishirini na sita alikwisha kuweka mkono juu ya msahafu akaapa kwamba aliyemsikia ni mumewe na yu hai, na mara hizo zote aliapa akiamini, na Mola hamshiki mtu kwa asilolijua. Ya ishirini na saba angeapa akijua. Kiapo cha namna hiyo hakina kafara. Hakuna mfungo wa siku tatu, hakuna maskini kumi wa kulishwa, na aliyefundisha darsa alisema wazi kwamba kinamzamisha mwenye nacho motoni. Akiacha kuapa, watu kumi na tisa watabaki na mashuka yao yakipanda na kushuka, na Leruma, wakijua siri imetoka, hawatakuwa na sababu ya kuyaacha yapande.

Aliomba aonyeshwe. Aliswali istihara mara saba. Hakuota kitu.

4

Siku ya thelathini na tisa bwalo la Kamisheni lilijaa kabla ya saa tatu. Lilikuwa karibu na daraja, na kupitia madirishani yalionekana malori yakivuka kwenda na kurudi, na maji ya Rungezi yaliyokuwa yamepanda mpaka kwenye alama nyekundu ya zamani. Mbele walikaa Balozi wa Leruma na Waziri, bendera mbili mezani, chupa za maji. Hamduni aliwekwa kiti cha nyuma kabisa, baina ya maaskari wawili.

Familia ziliitwa kwa namba. Mtu anakaa kwenye kiti cha plastiki, anavaa visikizi masikioni, anasikiliza, anaweka mkono juu ya kitabu chake, anaapa. Wengine walitoka wakilia kwa furaha. Bibi mmoja aliomba barua irudiwe, akakubaliwa. Bi Tunu alizijua sura zote. Miaka kumi na mitatu wamekuwa wakikutana pale mara mbili kwa mwaka, wakipeana mapishi. Aliwatazama akijua kwamba karibu wote ni wajane au wamefiwa na watoto, nao wanaulizana bei ya nazi.

"Namba themanini na nane."

Alikwenda. Alivaa visikizi.

"Tunu, upo?"

Hivyo ndivyo barua zilivyoanza siku zote.

"Nipo," alisema Bi Tunu.

Midomo ilisema yenyewe. Ilikuwa desturi yake; alijua hasikiki, lakini mume akikuita unaitika. Moto wa aibu ulimpanda shingoni, na hicho ndicho kitu pekee alichokisikia mwilini mwake siku nzima.

"Kofia umefikia wapi? Usinishonee kubwa, nimepungua kichwa. Jana huku mvua imepiga mabati, nikakumbuka tulivyokinga maji kwa ndoo zote na ile sufuria ya pilau. Usibebe mizigo. Mwambie Mama Hiza amrudishe kuku wako."

Alikuwa na barua moja aliyoipenda kuliko zote, ya mwaka wa sita, kuhusu mvua na mabati. Aliisikiliza mpaka akaijua kwa moyo. Alikuwa akimwombea aliyeisema, kila alfajiri, kwa miaka. Sasa hakujua zile dua zilikuwa zimekwenda wapi. Chombo kilikuwa kimemsoma Mwinshehe kwa muda usiofika miaka miwili, kikamjua kiasi cha kukumbuka sufuria, kikaendelea. Hakikuwa na uovu. Kilikuwa kinamfariji. Hata sasa kilikuwa kinamhurumia asibebe mizigo.

Akavua visikizi.

"Mama," alisema Bwana Lukindo kwa upole. "Ni yeye?"

Bi Tunu aliuangalia msahafu juu ya marfaa yake ya mbao. Akauangalia mkono wake wa kulia, alama za sindano kwenye kidole. Upande wa kushoto, Mama Hiza, ambaye alikuwa amekwisha kuapa, alikuwa amekaa kwenye ukingo wa kiti na kikaratasi cha bei cha vazi jipya bado kinaning'inia shingoni, hakukumbuka kukitoa.

Aliuweka mkono. Jalada lilikuwa la baridi.

"Wallahi," alisema. "Niliyemsikia ni mume wangu Mwinshehe, na yu hai."

Haikutokea kitu. Lori lilipiga honi darajani. Karani akaandika, akachukua alama ya kidole chake, akaita namba nyingine. Alipokuwa anarudi kwenye kiti chake, macho yake yalikutana na ya Hamduni, na Hamduni akayaondoa.

Walirudi nyumbani kwa miguu. Mlangoni Hamduni alishika komeo.

"Umeapa, Dada."

"Nimeapa."

"Kwa msahafu."

"Kwa msahafu. Ingia, uji utapoa."

5

Siku ya arobaini walivuka watu kumi na tisa kwenye viti kumi na tisa. Bi Tunu aliwahesabu mara mbili. Hiza alikuwa wa saba. Mama yake alivunja mstari wa njano, askari akajifanya haoni.

"Hebu nikuone! Umekonda mpaka masikio yamekuwa ya kuazima! Wamekulisha nini hawa, hewa? Inuka! Huwezi? Basi kaa, kaa, mama yako bado ana mgongo!" Na akambeba kweli, mtu mzima wa miaka ishirini na sita, akapiga naye hatua nne kabla ya kuangukiana wote wawili kwenye lami, wakicheka na kulia na kugombezana.

Bi Tunu alisogea kumsaidia kuokota viatu. Alitafuta furaha ndani yake, akaikuta imekaa mbali, kama mtu anayepunga mkono ng'ambo ya mto.

Bwana Lukindo alikifungua kikuku cha Hamduni kwa ufunguo mdogo. Alikishika kiganjani, akakipima uzito.

"Bwana mwandishi," alisema, bila ya kumtazama. "Kuna malori mia mbili kule. Kuna watoto wanaokunywa maji safi mwezi huu. Mambo mengine yanataka muda."

"Muda gani?" aliuliza Hamduni.

Bwana Lukindo alifunga mkoba wake. "Mimi nina familia," alisema, akaenda zake.

Baada ya alasiri Hamduni alikaa mkekani na daftari lake la zamani, lililorudishwa pamoja na nguo zake kwenye mfuko wa nailoni. Ukurasa wa mwisho ulikuwa na nusu sentensi. Alichonga penseli. Hakuandika.

"Nikiandika, Balozi ataondoka kabla ya Ijumaa," alisema. "Watafunga maji tena. Na watakuja kwako. Kiapo cha uongo mbele ya Kamisheni ni miaka saba."

"Najua. Nilisomewa."

"Na vitanda vimefika, Dada. Nimeviona darajani. Arobaini, vimefungwa nailoni."

"Na mimi nimeviona." Bi Tunu alichukua kofia ya kumi na tatu, akatafuta tundu aliloachia. "Wale wenzangu arobaini na mmoja walioapa pale jana bila kujua. Hata mmoja hajaswaliwa mtu wake. Hajasomewa. Mimi nimewaona wakicheka na nikanyamaza kwa ajili ya Hiza. Hiza kesha kuvuka. Sasa sina kisingizio."

"Nikuache nje. Nitaandika kwamba mimi niliona, basi."

"Watasema umeota. Si ulikuwa umelala? Hao watu wataitoa karatasi yangu yenye kidole changu, waseme dada yake mwenyewe kaapa kwamba yu hai." Akapitisha uzi. "Anza na mimi. Andika: Mimi Tunu binti Shekue, siku ya thelathini na tisa, niliapa uongo nikijua. Weka jina la baba. Halafu ndipo uandike uliyoyaona."

Penseli ikaanza kukwaruza. Aliandika ukurasa, akageuza, akaandika mwingine. Jua lilikuwa limefika kwenye kizingiti.

"Dada."

"Naam."

"Wakikulaza?"

Bi Tunu aliuvuta uzi. Alikuwa anashona ukingo wa mwisho.

"Wakinilaza, barua zangu usizisikilize," alisema. "Hata nikikuita kwa jina. Hata nikikuuliza umekula."

Hamduni aliandika hilo pia. Kisha akasema anahitaji maneno ya barua ya jana, neno kwa neno, kwa ajili ya habari, na kila familia ilipewa nakala yake. Kilikuwa kisanduku cha ukubwa wa kibiriti. Bi Tunu alikitoa kwenye droo, akakiweka mkekani baina yao, akakibonyeza yeye mwenyewe.

"Tunu, upo?" sauti iliuliza.

Ilisubiri kidogo, kama ilivyozoea kusubiri. Hamduni aliinua macho kutoka daftarini. Bi Tunu alifunga fundo, akakata uzi kwa meno, akaiweka kofia juu ya goti.

Hakuitika.